Mlinzi wa Imani: Kisa cha Kanisa la Notre-Dame, Montréal, 1910

Jioni ya Jumamosi, tarehe 10 Septemba 1910, kanisa la Notre-Dame mjini Montréal lilijaa watu. Mji ulikuwa umepokea Kongamano la 21 la Kimataifa la Ekaristi, la kwanza kufanyika Amerika ya Kaskazini. Kardinali Vincenzo Vannutelli alikuja kumwakilisha Papa, na Paul Bruchési, Askofu Mkuu wa Montréal, ndiye aliyekuwa mwenyeji. Kwa kawaida usiku kama huo ni wa hotuba za heshima, makofi, kisha watu wakalale.

Haikuwa hivyo. Mgeni kutoka Uingereza alisimama akawaambia wenyeji, kwa adabu yote, kwamba lugha yao, Kifaransa, haitaweza kulibeba Kanisa la nchi ile huko mbele ya safari. Baadaye akasimama mlei mmoja, mwandishi wa gazeti na mwanasiasa, akamjibu askofu mkuu hadharani, ndani ya kanisa, mbele ya mjumbe wa Papa. Wanaoifuatilia historia ya Quebec, jimbo la Kanada lenye kusema Kifaransa ambamo Montréal imo, wanaukumbuka usiku huo mpaka leo, na kwa kawaida wanausimulia kama ushindi. Mimi nikiupima kwa yaliyofuata, naona aliyeshangiliwa alibeba hoja mbili kwa pamoja, moja nzito na moja mbovu, na iliyokuja kukaririwa na taifa zima ni ile mbovu.

Mgeni huyo alikuwa Francis Bourne, Askofu Mkuu wa Westminster, aliyepewa ukardinali mwaka uliofuata. Hakuwa mtu wa kukidharau Kifaransa. Sehemu ya masomo yake ya upadri aliyapata Paris, katika seminari ya Saint-Sulpice, na kanisa alilokuwa akihutubia lilikuwa mikononi mwa mapadri wa shirika hilohilo la Saint-Sulpice. Kwa hiyo alikuwa kama mtoto wa nyumbani. Hoja yake ilikuwa ya hesabu. Magharibi ya Kanada, alisema, inajaa wahamiaji, na watoto wao watasema Kiingereza. Kiingereza ndiyo lugha itakayotawala bara. Kanisa likionekana kuwa ni jambo la Wafaransa, wengine watalipita kama mtu anavyopita msiba usiomhusu. Basi Kiingereza chenyewe, na fikra zake na fasihi yake, vitiwe katika utumishi wa Kanisa.

Ukiisoma hoja hiyo bila kujua nani walikuwa wamekaa kwenye mabenchi, unaweza kuiona ya busara. Lakini mabenchi yale yalikuwa na kumbukumbu. Ufaransa iliikabidhi Kanada kwa Uingereza kwa mkataba wa mwaka 1763. Maofisa na wafanyabiashara wengi walipanda meli wakarudi kwao, wakabaki wakulima na mapadri wao. Mwaka 1774 Waingereza, wakiona dalili za uasi katika makoloni yao ya kusini, walipitisha sheria ya kuwaruhusu Wakatoliki wa Quebec kushika kazi za serikali na kuliruhusu Kanisa lao kuendelea kukusanya zaka. Tangu hapo paroko akawa ndiye mtu pekee mwenye elimu na madaraka ambaye mwanakijiji angeweza kwenda kuzungumza naye kwa lugha yake.

Hapa kuna jambo ambalo msomaji wa leo hulipita haraka. Mwaka 1910 Misa haikuwa ya Kifaransa. Ilikuwa ya Kilatini, Montréal kama Dublin, Bagamoyo kama Roma. Kwa hiyo Bourne na wenyeji wake hawakuwa wakigombania lugha ya altare. Walikuwa wakigombania vitu vinavyoizunguka altare: mahubiri ya Jumapili na matangazo yanayofuatana nayo, katekisimu ya watoto, nyimbo za nje ya liturujia, na kitubio, ambako mtu hunong'ona dhambi zake kwa lugha anayoitumia kugombana na mkewe. Pia daftari la paroko. Quebec, daftari la ubatizo na ndoa ndilo lililokuwa daftari la serikali, na hali hiyo ilidumu hadi mwaka 1994. Mtoto aliandikwa kuwa yupo duniani kwa kalamu ya padri, kwa Kifaransa. Shule vivyo hivyo. Jimbo lilifuta wizara yake ya elimu mwaka 1875 na halikuwa nayo tena hadi 1964; katika muda huo wote elimu ya Wakatoliki ilisimamiwa na kamati ambamo maaskofu waliketi kwa haki ya cheo chao.

Basi kumwambia mtu wa pale kwamba Kanisa lijizoeze Kiingereza hakukuwa sawa na kumwambia abadilishe kitabu cha nyimbo. Ilikuwa kumwambia kwamba mahali pekee panapomtambua patamtambua kwa jina jingine.

Aliyemjibu ni Henri Bourassa. Alikuwa ametimiza miaka 42 siku chache tu kabla. Babu yake mzaa mama, Louis-Joseph Papineau, ndiye aliyekuwa kiongozi wa Wazalendo katika miaka iliyoishia kwenye uasi wa 1837 dhidi ya utawala wa Waingereza. Yeye mwenyewe alijiuzulu ubunge mwaka 1899 kupinga askari wa Kanada kupelekwa kwenye Vita vya Makaburu huko Afrika Kusini, wapiga kura wakamrudisha bungeni miezi michache baadaye bila mpinzani. Mwezi Januari mwaka huo wa 1910 alikuwa ameanzisha gazeti lake, *Le Devoir*. Inasimuliwa kwamba aliiweka kando hotuba aliyoiandaa akaanza kusema ya moyoni.

Hakumtukana mgeni wala hakuwabeza Wakatoliki wa Ayalandi, ambao walikuwa wengi mjini na walisema Kiingereza. Aliomba kila mtu aachwe amwombe Mungu kwa lugha ya baba na mama yake. Aliwasihi mapadri wasimnyang'anye mtu kitu anachokipenda kuliko vyote baada ya Mungu anayemwabudu. Kuhusu hesabu ya Bourne alijibu kwamba ni kweli wao ni wachache, kama kiganja, lakini hakujifunza katika shule ya Kristo kupima haki kwa wingi wa watu wala kwa mali. Wapo kama walivyo, akasema, na wana haki ya kuishi. Kanisa lililipuka kwa makofi na vifijo. Husimuliwa kwamba hata mjumbe wa Papa aliinuka kumpa mkono.

(Mwenye kupenda mikasa ya namna hii aangalie na jengo lenyewe. Notre-Dame lilichorwa na James O'Donnell, Mprotestanti mwenye asili ya Ayalandi aliyeletwa kutoka New York, na lilijengwa tangu 1824 hadi 1829. O'Donnell aliugua, akaingia Ukatoliki kabla ya kufa, akazikwa chini ya kanisa alilolijenga. Msemaji wa Kiingereza, aliyevutwa na parokia iliyokuwa ikihubiri kwa Kifaransa, alikuwa amelala chini ya miguu ya wasemaji wote wawili.)

Sasa tuzipime hoja. Ya Bourne kwanza, maana huyu huonewa katika masimulizi. Mawazo yake hayakuwa ya kuzuka, na sisi wa Afrika Mashariki tuna ushahidi wake karibu. Wamisionari wa Afrika, wale wanaoitwa Mapadri Weupe, waliingia Buganda mwaka 1879, wakiwakuta Waanglikana waliotangulia kwa miaka miwili. Haukupita muda mrefu watu wa huko wakawa wanawaita Wakatoliki "Wafaransa" na Waanglikana "Waingereza". Mganda ambaye hakujua neno moja la Kifaransa alikuwa Mfaransa kwa sababu ya ubatizo wake, na mwaka 1892 Wafaransa hao na Waingereza hao walipigana kwa bunduki Mengo. Padri Siméon Lourdel mpaka leo anajulikana Uganda kwa jina la Mapeera, ambalo ni *mon père*, "padri wangu", lililopita kwenye midomo ya Waganda. Ili kuukata mkanganyiko huo, mwaka 1894 Roma ilimega sehemu ya Uganda ikawapa mapadri wa Mill Hill kutoka Uingereza, watu waone kwamba Mwingereza naye anaweza kuwa Mkatoliki. Mwanzilishi wa Mill Hill alikuwa Herbert Vaughan, ambaye wakati huo alikuwa Askofu Mkuu wa Westminster. Aliyemrithi kiti hicho mwaka 1903 ni Francis Bourne.

Kwa hiyo Bourne alipofika Montréal alikuwa na dawa iliyokwisha kutumika mahali pengine. Kosa lake lilikuwa katika kumtambua mgonjwa. Buganda, Kifaransa kilikuwa jina la kubandikwa: kilikuja na wageni, na kukiondoa hakukumuumiza Mganda yeyote. Montréal kilikuwa maziwa ya mama. Tena, huko Uganda Roma iliongeza mlango wa pili bila kuufunga wa kwanza. Bourne, kwa namna alivyosikika, alikuwa akiwaambia wenye nyumba kwamba mlango wanaoupitia utazibwa siku moja, waanze kuzoea wa jirani.

Ya Bourassa ina tabaka mbili. La juu ni haki ya mtu kusali kwa lugha ya wazazi wake. Hilo halihitaji hesabu ya nani ni wengi, na sijaona aliyelijibu vizuri, si Bourne wala mwingine. Lakini chini yake kulikuwa na dai jingine ambalo wasikilizaji walilibeba kwenda nalo nyumbani: kwamba Kifaransa kinailinda imani, na anayekipoteza Kifaransa atapoteza na dini. Mwaka 1918 Bourassa mwenyewe alilifanya kuwa jina la kijitabu chake, *La langue, gardienne de la foi*, yaani lugha ni mlinzi wa imani. Neno likaingia katika mahubiri na shule, likakaririwa na vizazi viwili.

Lilipata nguvu kwa sababu miaka iliyofuata kongamano ilionekana kulithibitisha. Mwaka 1912 serikali ya Ontario, jimbo jirani, ilitoa Kanuni ya 17, iliyokibana Kifaransa kama lugha ya kufundishia kisivuke miaka miwili ya mwanzo ya shule. Miongoni mwa waliozipinga kwa nguvu shule za lugha mbili alikuwa Michael Fallon, askofu Mkatoliki wa London ya Ontario, mzaliwa wa Kanada mwenye asili ya Ayalandi. Askofu dhidi ya waamini wake mwenyewe, na ugomvi ni lugha tu! Ottawa, mwaka 1916, akina mama walilizunguka jengo la shule ya Guigues kuwalinda walimu wa Kifaransa, silaha yao pini ndefu za kufungia kofia. Papa Benedikto XV aliandika barua mwaka huohuo kuwataka Wakatoliki wa Kanada wasigawanyike kwa ajili ya lugha. Barua ilisomwa, kila upande ukaona umeungwa mkono.

Lakini kipimo kikali zaidi cha hoja ya mlinzi hakikutokea Kanada. Kati ya 1840 na 1930 watu takriban 900,000 waliondoka Quebec kwenda Marekani, wengi wao kwenye viwanda vya nguo vya majimbo ya kaskazini-mashariki. Woonsocket, Rhode Island, ulikuwa mji wao kwa kila hali. Katika miaka ya 1920 askofu wa Providence, William Hickey, aliziagiza parokia zichangie shule za sekondari za jimbo lake la Kanisa, ambamo lugha ingekuwa Kiingereza. Kundi lililoongozwa na wakili Elphège Daignault, kwa gazeti lao *La Sentinelle*, lilisema fedha za parokia ni za parokia. Wakagoma kutoa michango, kisha wakazipeleka parokia mahakamani. Mwaka 1928 Roma iliwatenga na Kanisa waliotia sahihi kesi hiyo, na gazeti lao likaingizwa kwenye orodha ya maandishi yaliyokatazwa. Mwaka uliofuata walinyenyekea, wakarudishwa.

Angalia walipofikia. Watu walioamini kwamba lugha inalinda imani walikuta kuilinda lugha kumewanyima Komunyo. Nao walikuwa wakiyasema maneno yaleyale yaliyopigiwa makofi Notre-Dame.

Bourassa alisema nini? Aliwageuka. Mwaka 1926 alikuwa ameonana na Papa Pius XI, aliyemwonya juu ya kuliweka taifa mbele ya Kanisa, na alitoka pale mtu mwingine. Mwaka 1929 aliandika mfululizo wa makala katika *Le Devoir* kuwalaani watu wa *Sentinelle*. Wafuasi wake wa zamani hawakumsamehe. Mwaka 1932 aliliacha gazeti alilolianzisha. Wapo wanaosema ulikuwa woga wa uzee. Kwangu mimi, hicho ndicho kipindi alichokuwa mkweli kuliko vyote: aliona kwamba mlinzi ameanza kumwamuru mwenye nyumba, na kati ya wawili akamchagua mwenye nyumba. Angefanya hivyo mwaka 1910 makofi yangekuwa haba.

Yaliyobaki yalikwenda kasi. Juni 1960 chama cha Liberal cha Jean Lesage kilishinda uchaguzi, na ndani ya miaka michache serikali ilichukua hospitali, shule na huduma za jamii zilizokuwa mikononi mwa mapadri na masista. Watu wa Quebec wanayaita Mapinduzi Matulivu. Makanisa yalianza kuwa matupu katika kizazi kimoja tu. Na Kifaransa, je? Kifaransa kilinawiri. Mwaka 1977 ilipitishwa Hati ya Lugha ya Kifaransa, inayojulikana kama Sheria ya 101, iliyokifanya lugha ya kazi, ya biashara na ya mabango, na kuwapeleka watoto wa wahamiaji kwenye shule za Kifaransa. Mwaka 1998 bodi za shule, ambazo tangu zamani zilikuwa za Wakatoliki na za Waprotestanti, zilivunjwa, zikaundwa upya: za Kifaransa na za Kiingereza. Sijui ushahidi ulio wazi kuliko huo. Mstari uliowagawa watu haukufutwa, ulibadilishwa jina, na lugha ikakaa kwenye kiti cha dini.

Bourne na Bourassa wote wangeshangaa. Mmoja alidhani Kanisa litapungukiwa kwa kung'ang'ania Kifaransa. Mwingine alidhani Kifaransa kikisimama, Kanisa litasimama nacho. Kifaransa kimesimama.

Kuna mahali pengine ambapo Kanisa halikutoka katika lugha, nako ni kwenye matusi. Mtu wa Quebec akijigonga kidole kwa nyundo hutamka *tabarnak*, ambayo ni tabernakulo, au *câlisse*, kalisi, *ostie*, hostia, *ciboire*, siborio. Akikasirika zaidi huyaunganisha kama tasbihi. Mfaransa wa Paris hatukani hivyo, na huyaona ya kuchekesha. Matusi haya hayakuanza Kanisa lilipodhoofika, yana mizizi katika karne ya 19, lilipokuwa na sauti katika kila jambo. Mtu hatukani kwa kitu kisichomtisha. Leo hutamkwa na vijana ambao hawajawahi kuliona tabernakulo likifunguliwa. Mwaka 2006 Kanisa Katoliki la Montréal liliweka mabango mjini likitafuta michango. Kila bango lilikuwa na mojawapo ya maneno hayo kwa herufi kubwa, na chini yake maana yake halisi, kama kamusi. Ulikuwa ucheshi mzuri, na ulikuwa pia ungamo: Kanisa lililowafundisha watu hawa kusoma linawaeleza kwenye ukuta wa barabarani kwamba kalisi ni kikombe.

Na kama kisa hiki kingeishia hapo ningekiona cha huzuni tu. Lakini Quebec, kwa kukipenda Kifaransa, huwapa nafasi ya mbele wahamiaji wanaokijua. Na duniani wanaokijua Kifaransa na bado wanakwenda Misa ni akina nani? Wahaiti, Wakongo, Warundi, Wanyarwanda: watu waliofundishwa Kifaransa na shule za wamisionari, baadhi ya wamisionari hao wakiwa wametoka Quebec hiyohiyo. Ukiingia leo kwenye baadhi ya parokia za Kifaransa Montréal, sura unazokutana nazo ni hizo. Lugha ambayo haikuweza kuwazuia wajukuu wa Bourassa kutoka kanisani imewaleta wageni wa kukaa kwenye viti vyao.

Ila kwa hawa Kifaransa si lugha ya baba na mama. Ni lugha ya shule, ya ofisi ya uhamiaji, ya kuandikia barua ya kuomba kazi. Nyumbani familia iliyotoka Bukavu husali kwa Kiswahili kabla ya kula, masista huitwa *masera*, neno lililotokana na Kifaransa ambalo zamani lilikwisha kuwa letu, kama Noeli. Hoja ya 1910, ile nzito, ya haki ya mtu kumwomba Mungu kwa lugha ya wazazi wake, sasa iko mikononi mwao. Wakitaka wimbo mmoja wa Kiswahili wakati wa matoleo, ombi hulipeleka kwa paroko, kwa Kifaransa, na kusubiri jibu.